Mjane Mwenye Mume

Treni ilinishusha asubuhi katika mji nisikokuwa na mtu wala shughuli, na ile niliyopaswa kuunganisha nayo ilikuwa ya jioni. Mtunza mizigo wa stesheni akapokea begi langu, akanitazama kwa huruma kama mtoto aliyesahauliwa shuleni, akasema, "Ukitaka kivuli na choo safi, nenda jumba la sanaa. Nyuma ya reli pale, lilipokuwa ghala la barafu. Hawafukuzi mtu."

Nimewahi kwenda kutazama picha kwa sababu mbaya zaidi ya hiyo. Nikavuka reli, nikapita karakana ya vioo na uwanja uliojaa matairi, nikafika kwenye jengo refu lililopakwa chokaa nyeupe mpaka linaumiza macho. Kando ya mlango palikuwa na benchi la zege, na kwenye benchi hilo mwanamke wa makamo, mpana wa mabega, alikuwa anamketisha mzee mwembamba aliyekumbatia mkoba mdogo kifuani.

"Kaa hapa. Usinyanyuke. Ukinyanyuka nitajua."

"Utajuaje nawe uko ndani?"

"Miaka yote hii nimekuwa nikijuaje?"

Mzee akacheka kimyakimya, mabega yakimtikisika. "Nitakaa, bibie. Marehemu hana haraka."

"Koma! Neno hilo nimeshakukataza."

Akageuka, akaniona nimesimama na kamera shingoni. Hakunisalimu. Alinikagua kwanza, kuanzia viatu hadi kofia, kama mtu anayechagua nazi.

"Unaingia?"

"Naingia, mama."

"Basi tuingie wote. Mwenye kamera haulizwi maswali mengi."

Hivyo ndivyo nilivyofahamiana na Bi Sufi. Jina hilo ni la kazi. Anashona magodoro ya sufi, na mtaa mzima haumjui kwa jingine.

Nimeingia katika nyumba za namna hii kwenye miji mingi, na zote zinafanana kuliko hoteli. Kuta tupu, mashine ya baridi inayonguruma, sakafu inayoufanya kila mguu usikike, na mlinzi aliyechoka kuliko picha anazozilinda. Wa hapa alikuwa amevaa sare iliyompwaya, anapiga miayo. Alipomwona Bi Sufi na mfuko wake wa turubai, miayo ikakatika.

"Shikamoo, mama. Umemfuata nani?"

"Marahaba. Nimekuja kujitazama."

"Kujitazama wapi?"

"Ukutani."

Mlinzi akanigeukia mimi kutafuta msaada. Nikatazama dari. Bi Sufi alikuwa ameshampita.

Chumba cha kwanza kilikuwa na ndoo zilizoning'inizwa kwa waya, na cha pili kilikuwa na televisheni iliyoonyesha mtu analala. Bi Sufi hakuvitupia hata jicho. Katika chumba cha tatu alisimama ghafla, nami nusura nimkanyage kisigino.

Ukuta wote wa mbele ulikuwa uso wake. Ulikuwa mkubwa kuliko mlango wa gari la mizigo, na vinyweleo vyote vilionekana. Nyuzinyuzi nyeupe zilikuwa zimemganda kwenye nyusi, kwenye kope, juu ya mdomo, kama mtu aliyetoka kwenye majivu. Macho yalikuwa mekundu na maji yalikuwa yamechora mifereji miwili mashavuni. Chini kabisa, bila kuonekana vizuri, mikono yake ilikuwa imezama ndani ya godoro lililopasuliwa. Ilikuwa picha nzuri sana. Nasema hivyo kwa sababu na yeye alisema hivyohivyo.

"Nimetoka vizuri," alisema, sauti imeshuka. "Siwezi kukataa. Kijana yule aliyenipiga ana jicho."

Halafu akanyoosha kidole. Pembeni mwa picha kilining'inia kitambaa kirefu cha turubai jepesi, kimefungwa juu kwa fimbo, na juu yake yamechapwa maneno kwa herufi kubwa. Kila picha katika chumba hicho ilikuwa na kitambaa chake.

"Wewe una macho ya kusoma. Nisomee kwa sauti. Mimi nikisoma napandwa na shinikizo la damu."

Nikasoma: "Mjane. Mumewe alipofariki alimwachia godoro tu. Kila siku hulipasua, akimtafuta ndani yake."

"Umesikia?"

"Nimesikia. Pole sana, ma—"

"Pole ya nini? Mume wangu si umepishana naye mlangoni! Yule aliyekalia benchi ni nani, jini?"

Mlinzi, aliyekuwa ametufuata, akaziba mdomo kwa mkono. Bi Sufi akamwona. "Cheka, mwanangu, cheka. Mimi nilicheka siku ya kwanza. Sasa kamwite mkubwa wako. Mwambie mjane amekuja."

Tukakaa kwenye benchi la katikati ya chumba kumsubiri huyo mkubwa, na hapo ndipo nilipoipata habari yote, maana Bi Sufi si mtu wa kusubiri kimya.

Kazi alifundishwa na shangazi yake, barazani, kwa fimbo mbili nyembamba. Sufi iliyolaliwa na watu muda mrefu hugandamana ikawa kama mawe. Unapasua godoro, unaitoa yote, unaianika juani, kisha unaipiga kwa fimbo moja baada ya nyingine mpaka ifufuke na kuruka. Inaingia puani, inaingia machoni. Siku ya kazi nyingi macho yanatoka machozi tangu asubuhi. "Hakuna fundi wa magodoro asiyelia," alisema. "Shangazi yangu alilia maisha yake yote, na hakuwahi kuhuzunika hata siku moja. Alikuwa mchokozi kama nini."

Magodoro ya sponji yalipoingia, wateja walihama kwa mkupuo. Shemeji zake wakaja kikao kizima, wakamwambia afunge baraza auze soda. Aliwasikiliza mpaka mwisho, akawapa maji ya kunywa, kisha akatoa godoro barazani, akaliweka katikati ya njia, akalala juu yake mchana kweupe, watu wakipita. Kesho yake tena, na keshokutwa yake pia. Mumewe, ambaye alikuwa fundi wa breki za malori, akitoka kazini anamkuta amelala njiani, anamvukia, anaingia ndani kula. Hakumwambia aache. "Hiyo ndiyo sababu niliendelea kuwa mkewe," alisema Bi Sufi. Watu waliosimama kumcheka, wengine wakaomba wajaribu kidogo. Wenye migongo mibovu ndio waliorudi wa kwanza.

Tangu hapo akajiwekea sheria mbili. Ya kwanza, hakuna mteja anayeruhusiwa kuchungulia godoro likiwa wazi. Kazi iliyopasuliwa humtia mtu wasiwasi. Anaanza kuuliza hiki ni nini na kile kimetoka wapi. Ya pili, hakuna godoro linalotoka barazani kabla mteja hajalala juu yake. Ageuke ubavu huu, ageuke ubavu ule, aseme panapomkwaza. Ndipo lifungwe kabisa.

"Sasa kosa langu ni hapo," alisema. "Kijana alikuja na kamera, ana adabu, anasema anapiga picha za mikono inayofanya kazi. Nikampa chai. Akapiga siku nzima. Jioni akaniambia, mama, njoo uone nilizopiga. Nikamwambia hapana! Kazi isiyofungwa haichunguliwi. Ukimaliza utaniita nije nilale juu yake. Akasema sawa. Nikajua tumeelewana." Akapiga paja lake. "Nikakaa nasubiri kuitwa. Mpaka leo."

Aliyemwita hakuwa kijana. Mpwa wake alipita humu kujikinga na mvua, akaiona picha, akaipiga kwa simu pamoja na maneno yake, akaitupia kwenye kundi la ukoo. Ndugu wa mbali, ambao hawajatia mguu nyumbani kwao siku nyingi, wakaamini. Rambirambi zikaanza kumiminika, nyingine kwenye simu ya marehemu mwenyewe. Mtoto wao wa kiume, anayefanya kazi nchi nyingine, alipiga analia. Baba yake ndiye aliyepokea.

"Akamwambiaje?"

"Akamwambia, usilie mwanangu, huku hakuna joto."

Nilicheka kwa nguvu mpaka mwangwi ukarudi kutoka chumba cha ndoo. Bi Sufi hakucheka.

"Wewe unacheka kwa sababu hujui. Mzee anatakiwa kufanyiwa operesheni. Tezi dume. Leo kabla ya adhuhuri alazwe, kesho wampasue. Alikuwa ameshakubali. Nimemsumbua mwaka mzima mpaka akakubali! Ilipotoka hii, akakunja mikono. Anasema, nimeshaandikwa ukutani kuwa marehemu, mnanipeleka kisuani ili iwe kweli? Anasema wamemchuria kifo. Kijana kamchuria, jumba limemchuria, na mimi niliyekaa kupigwa picha nimemchuria."

"Na unaamini?"

Alifikiri. "Anaogopa kisu, basi. Alikuwa anatafuta kisingizio, akaletewa kikubwa hivi, kina taa zake. Mimi nimekuja kumnyang'anya. Kwenye mkoba wake pale nje kuna pajama na kandambili. Nimemwambia tunapita hapa, ninayatoa hayo maneno, unaona kwa macho yako yametoka, tunaenda hospitali. Akasema yakitoka ataenda. Aliapa."

Msimamizi wa jumba akaja. Mwanamke mdogo, nywele fupi, miwani imepandishwa kichwani, funguo shingoni. Hakuwa na kiburi. Alimwamkia Bi Sufi vizuri, akaketi naye benchi moja, akasikiliza yote bila kumkatiza. Mwisho akasema pole.

"Pole nimepewa nyingi mwezi huu. Nipe ngazi."

"Mama yangu, siwezi. Picha na maneno ni kazi moja. Tuliahidiana na msanii, hatuongezi neno wala hatupunguzi mpaka maonyesho yaishe."

"Yanaisha lini?"

"Mwisho wa mwezi ujao."

"Mzee wangu haendi mwezi ujao kukojoa. Anatakiwa leo."

Msimamizi akashusha miwani, akaivaa, akaitoa tena. "Ngoja nimpigie. Kama atakubali mwenyewe, natoa sasa hivi."

Msanii alikuwa nchi ya mbali, lakini simu ilipatikana. Msimamizi akaiweka sauti ya juu. Kijana alifurahi sana kusikia Bi Sufi yuko hapo. Akamuulizia afya, akaisifu ile chai. Kisha, baada ya kuelezwa, akaanza kusema polepole, kwa sauti ya mtu anayembembeleza mtoto anywe dawa.

"Mama, yule pale siyo wewe. Ni mjane wa kufikirika. Ni wazo."

"Wazo lina pua yangu?"

"Nimetumia uso wako, ndiyo, lakini nasimulia habari ya kila mwanamke."

"Kila mwanamke ana mume wake, au hana, na anajua mwenyewe. Mimi wangu yuko nje amekaa. Kwa nini hukuniuliza?"

"Nilipokuona unalia, mama, sikuweza kuuliza. Niliheshimu."

"Uliheshimu!" Bi Sufi akasimama. "Nilikuwa nalia sufi ya mteja! Ungeniuliza ningekwambia, ungecheka, tungekunywa chai nyingine. Ulikaa siku nzima barazani kwangu. Uliona mtu ananunua godoro bila kulalia?"

Kisha kijana akasema, safari hii bila ule ulaini, "Nikiyatoa maneno, picha inabaki ya mwanamke mwenye vumbi. Haina nguvu. Samahani, siwezi kukubali."

Nilimtazama msimamizi. Alikuwa ameuma mdomo wa chini. Bi Sufi alimpa kisogo mwenye simu, akaufungua mfuko wake, akatoa sindano ndefu iliyopinda kama mwezi mchanga na kibonge cha uzi mnene.

"Mama, unafanya nini?"

"Nafanya kazi yangu."

"Mama, ukikigusa kitambaa hicho nitalazimika kuita polisi."

"Waite, mwanangu, wala sikukasirikii. Wakija waje na gari. Waniweke mbele, mzee wamweke nyuma, tukielekea kituoni tupitie hospitali."

Kitambaa kilikuwa kinaning'inia mpaka usawa wa kiuno, kwa hiyo hakuhitaji ngazi. Alikikamata kwa chini, akakikunja kuelekea juu, mkunjo baada ya mkunjo, akipiga pasi kwa kiganja kila mara, mpaka maneno yote yakawa ndani na juu ikabaki sehemu tupu. Akakifinya pembeni, akachoma. Mshono wa godoro si wa kudarizi. Sindano huingia huku, hutokea kule, uzi huvutwa kwa uzito wa bega, na kila pigo hukazwa kwa fundo. Katika ukimya wa chumba kile uzi ulisikika unavyopita.

Mlinzi alikuwa amesogea, hajui amkamate au amshikie. Akamtazama msimamizi. Msimamizi alikuwa ameinua simu usawa wa kidevu, na kutoka ndani yake sauti ya kijana ilikuwa inauliza, "Haloo? Kuna nini huko? Haloo?"

"Hakuna kitu," msimamizi akasema. "Nitakupigia." Akakata.

Bi Sufi akakata uzi kwa meno, akarudi nyuma hatua chache kuangalia kazi. Kitambaa kilikuwa kimegeuka mto mwembamba mrefu, unaning'inia pembeni ya uso wake bila kusema lolote.

"Sijachana hata uzi mmoja," alimwambia msimamizi. "Maneno yake yapo yote humo ndani. Akirudi afumue kwa mkono wake, nikiwa nimesimama hapa. Wewe mtu akikuuliza, sema Bi Sufi ndiye aliyeshona, na barazani kwake panajulikana."

"Ataniuliza kwa nini sikukuzuia."

"Mwambie ulijaribu. Ulijaribu, si ulijaribu?"

"Nilijaribu," alisema msimamizi, na kwa mara ya kwanza akakaribia kutabasamu.

Bi Sufi alitoka akarudi na mumewe amemshika kiwiko. Mzee aliingia anaburuta miguu, mkoba kifuani, akatazama ndoo za waya kwa muda mrefu kuliko sisi sote, kama fundi anayetafuta hitilafu. Alipofika mbele ya uso wa mkewe alisogea karibu mpaka mlinzi akakohoa. Kisha akarudi nyuma, akainamisha kichwa huku, akakiinamisha kule.

"Umetoka mzuri," alisema.

"Naambiwa."

"Hii ni siku ya lile godoro la mwalimu. Ulirudi ndani huoni hata mlango." Akageukia ule mto. "Na mimi nilikuwa hapa?"

"Ulikuwa hapo. Nimekutoa."

Akaubonyeza kwa kidole. Mlinzi hakukohoa. "Lakini bado yamo ndani."

"Yamo. Na wewe mkojo umo ndani, na unatoka leo. Twende."

"Sasa ngoja. Tungepitia kwanza tukanywe chai, maana—"

"Umeambiwa usile kitu mpaka wakupime damu."

"Chai siyo kitu."

"Mzee."

"Na je, daktari mwenyewe kama naye amewahi kupita humu akaiona? Akaniona nimeshakufa, si atafanya kazi kwa ulegevu?"

"Atafurahi. Akikupasua ukapona, atasema amefufua mtu." Alichukua mkoba kutoka mikononi mwake, akaubana kwapani. "Uliapa. Yakitoka, utaenda. Yametoka, huyaoni. Umebaki wewe na mimi na miguu yako."

Mzee alitazama huku na huku, na nikaona jinsi anavyotafuta kingine cha kushika, chochote, picha nyingine, mtu mwingine. Macho yake yakanifikia. Sijui alitaka nimwambie nini. Mikono yake, iliyobaki bila mkoba, ilikuwa bado imekunjwa kifuani, na mkewe aliiona kabla yangu. Aliushika mkono mmoja, akauingiza kwapani mwake, upande ule usio na mkoba, akaubana nao.

"Mwenye kamera," aliniita bila kugeuka, "safari yako si jioni?"

"Jioni, mama."

"Basi kaa hapa. Mtu akija na wembe kufumua, mwambie mwenyewe yuko hospitali na mumewe, asubiri."

"Nitakaa."

Wakaondoka polepole, kwa mwendo wa mzee. Nilisikia viatu vyao vikipita chumba cha televisheni, halafu chumba cha ndoo, mzee akiuliza zile ndoo zinauzwa au zinavuja, Bi Sufi akimwambia atamnunulia moja akitoka. Mlango wa nje ukagonga. Msimamizi akavuta kiti cha mlinzi, akaketi upande wa pili wa chumba, simu yake ikiita mapajani bila kupokelewa. Mimi nikarudi kwenye benchi la katikati.